Kila Jumatatu Ni Mei

Kassel, Jumapili, 12 Mei 2024
Barua namba 604

Dada yangu Irmtraud,

Natumai barua hii itatangulia kifurushi, usije ukamfukuza mtu wa posta ukidhani anauza vyungu.

Kompyuta yako ya zamani imekufa kabisa. Niliipasua juu ya meza ya jikoni, Gerlind akaja akasimama nyuma yangu akauliza, "Tunachinja nini leo?" Nikamwambia tunachinja kompyuta ya wifi yako. Akasema, "Maskini, bado kadogo." Ina miaka ishirini na minane.

Ila diski ilikuwa hai. Nimechukua kila kilichokuwemo, mfumo wako wote wa zamani wa OS/2, kumbukumbu zote za Ellersroda, nikaziweka ndani ya laptopu mpya. Sasa sikiliza, maana najua utauliza. Ndani ya laptopu hiyo kuna kompyuta nyingine isiyo na mwili. Ukibofya alama ya kanisa niliyokuwekea, itaamka, na itadhani bado iko ndani ya lile sanduku lako la kijivu mwaka 1996. Nimeidanganya. Kila kitu kiko pale ulipokiacha, na hakuna jipya la kujifunza. Hilo ndilo ulilotaka, na kusema kweli mimi nami sina nguvu ya kumfundisha mtu jambo jipya.

Andika, hifadhi, halafu izime kwa utaratibu kama nilivyokufundisha zamani. Ukiwa na haraka funga kifuniko tu, itasinzia na kazi yako mkononi. Printa haiitambui bado. Nitaishughulikia nikipata wiki moja ya kupumua. Na usiogope kubofya ovyo. Hii huwezi kuiharibu hata ukitaka.

Gerlind anakusalimu, au angekusalimu kama ningemkumbusha.

Mdogo wako,
Eckart


Ellersroda, Jumatatu, 20 Mei 2024
Barua namba 731

Eckart, mdogo wangu,

Kwanza kesi. Barua yako ya juzi umeiandika 604. Ile ya Pasaka nayo ilikuwa 604, ninayo hapa mbele yangu. Miaka arobaini tunahesabu barua, tangu ulipovuka mpaka kukimbilia Ujerumani Magharibi, tulipokuwa tukizihesabu ili tujue ipi wapekuzi wa serikali wamekula njiani. Hukukosea namba hata ulipokuwa unalala kambi ya wakimbizi kwenye kitanda cha chuma. Umechoka, mwanamume wewe. Ijayo andika 606 tuwe sawa.

Sasa shukrani. Nimebofya kanisa, na kijiji kikatokea. Unakumbuka nilivyokipanga, kila nyumba na folda yake, nimezipanga kwenye skrini kama zilivyo barabarani: kanisa juu kulia, bwawa chini, kwa fundi magurudumu pale pembeni, sisi karibu na daraja. Ukifungua folda ya nyumba, unawakuta waliozaliwa humo, waliofia humo na waliohama. Miezi mitano nilidhani wamepotea wote. Nililia, Eckart. Bi Rohrbach wa jirani alikuwa ameleta mayai, akanikuta na leso, akapiga kelele sikioni mwangu, "Nani kafa?" Nikamwambia hakuna, wamefufuka.

Meya Weidner anataka maandishi yote mwisho wa Novemba, maana Juni ijayo kijiji kinatimiza miaka mia nane na hamsini na kitabu lazima kiwepo. Nina masanduku mawili ya kadi bado hayajaingizwa. Utaratibu wangu ni uleule: kadi nikishaiandika kwenye kompyuta, naitia tiki kwa penseli nyekundu na tarehe. Na Jumamosi saa kumi nazima kila kitu, kama baba alivyotaka, Jumapili nyumba ikae kimya. Nikiwa kiziwi hivi inakaa kimya siku zote, lakini desturi ni desturi.

Mbusu Gerlind. Na ulale.

Dada yako,
Irmtraud


Kassel, Jumapili, 16 Juni 2024
Barua namba 606

Dada,

Samahani kwa kuchelewa. Namba umeiona.

Unauliza hali yake. Mchana yuko ofisini. Namaanisha, nimemwekea kompyuta kama yako, yenye OS/2 ileile tuliyokuwa nayo benki, maana ndiko tulikokutana, na sura ile ya skrini inamtuliza kuliko dawa yoyote waliyompa. Anakaa na sweta yake ya kazi. Anahamisha vitu, anafuta, anamwandikia barua mkuu wake wa zamani aliyekufa mwaka wa Kombe la Dunia la hapa kwetu. Akimaliza anazima, anachukua mkoba wake na kwenda kusimama mlangoni akisubiri basi. Namwambia leo basi halipo, namvua koti. Asubuhi ninamwashia, na kila alichovuruga kimerudi mahali pake, kama vile jana haikuwepo. Hajui. Ananiambia, "Eckart, leo wamepanga vizuri ofisini." Ni saa tatu za amani kwa siku, nami humo ndimo ninamofua, kupika na kukuandikia.

Sitaki uje kunisaidia, kabla hujasema. Maliza kitabu chako. Napenda kujua kwamba mahali fulani kuna mtu wa ukoo huu anayemaliza jambo.

Eckart


Ellersroda, Jumatatu, 8 Julai 2024
Barua namba 732

Eckart,

Plamu mwaka huu ni nyingi, matawi yameinama. Bi Rohrbach anasema nikichuma mwenyewe kwa ngazi atamwita meya, nami nikamwambia meya nilimfundisha kusoma, hawezi kunitisha.

Kazi inakwenda polepole kidogo kuliko nilivyopanga. Si kitu. Majira ya joto kichwa kinakuwa kizito.

Nataka kukuuliza jambo, na usilikuze. Gerlind alianzaje? Sizungumzii sasa, nazungumzia mwanzo kabisa, kabla hamjajua. Nauliza kwa sababu mjukuu wa fundi magurudumu ana mama yake anayesahausahau, akaniomba nikuulize.

Kula vizuri.

Irmtraud


Kassel, Jumapili, 14 Julai 2024
Barua namba 607

Dada,

Kwa ufupi, maana anaita.

Alianza kwa kuniambia amefanya mambo ambayo hakuyafanya. "Barua nimeshaipeleka posta," na barua iko mezani. "Maua nimeyanywesha," na yamekauka. Hakuwa anadanganya. Alikumbuka kabisa akiyanywesha, alikumbuka mpaka rangi ya ndoo. Tuligombana sana mwaka ule, na kila siku mimi ndiye niliyekuwa sahihi. Natamani ningekosea hata mara moja.

Mwambie huyo mjukuu asigombane na mama yake.

Eckart


Ellersroda, Jumatatu, 12 Agosti 2024
Haina namba, kwa sababu haitumwi

Eckart,

Mjukuu wa fundi magurudumu hana mama. Alikufa mwaka juzi, na wewe ulituma shada. Ulikuwa umechoka mno hata hukukumbuka, nami nilitegemea hivyo. Mungu anisamehe.

Kadi ya moto wa 1834, ule ulioanzia kwa mwoka mikate ukala maghala kumi na manne. Tarehe mbili Julai niliiandika kwenye kompyuta, nikaitia tiki. Wiki iliyofuata nafungua folda ya mwoka mikate, moto haupo. Nikasema labda sikuhifadhi. Nikaandika tena tarehe kumi, tiki ya pili. Jumatatu, haupo. Wiki iliyopita nimeuandika mara ya tatu. Leo asubuhi haupo, na si moto peke yake. Kila kadi ya wiki nzima ina tiki, na kwenye skrini hakuna hata neno.

Usidhani sikuishuku kompyuta. Niliijaribu. Jumanne niliandika mstari mmoja, "Irmtraud alikuwa hapa," nikahifadhi, nikafunga kifuniko. Jumatano ulikuwepo. Alhamisi ulikuwepo, nikaufuta. Kwa hiyo si kompyuta. Na kazi yako haijawahi kuwa na kosa, tangu ukiwa na miaka tisa ulipotengeneza redio ya mama.

Basi ni mimi. Naitia tiki kazi ambayo sijaifanya. Nakumbuka kabisa nikiandika, nakumbuka nilipokwama kwenye jina la mtoto aliyepiga kengele ya hatari. Gerlind naye alikumbuka rangi ya ndoo.

Jumatatu nimeanza kuziogopa. Ninakaa mbele ya ile alama ya kanisa na chai inapoa.

Sikuambii. Una mmoja tayari.


Ellersroda, Jumapili, 15 Septemba 2024
Barua namba 733

Mdogo wangu mpendwa,

Kazi inakwenda vizuri. Nimeoka keki ya plamu, nusu nimeigandisha kwa ajili yenu, ingawa sijui itafikaje. Mvua imenyesha. Bi Rohrbach ameondoka kwenda kwa binti yake kutibiwa goti, atarudi karibu na Krismasi, kwa hiyo hakuna wa kunipigia kelele.

Nimepita kuangalia nyumba ya wazee kule mjini, kwa udadisi tu. Ni safi. Wana bustani.

Niambie jambo la kuchekesha.

Irmtraud


Kassel, Jumapili, 29 Septemba 2024
Barua namba 608

Dada,

La kuchekesha ni hili. Jana nilimwomba Gerlind anipe chumvi, akaniangalia kwa ukali wake wa kaunta namba tatu kule benki akasema, "Una kitambulisho?" Nikatoa kitambulisho. Akakisoma mbele na nyuma, akanipa chumvi.

Nilipokisia kwamba kazi yako inakwenda vizuri nilifurahi, na barua yako imenithibitishia. Huelewi ni pumziko kiasi gani kwangu. Katika watu wote nilionao, wewe peke yako ndiye sina haja ya kumhofia.

Nyumba ya wazee? Utawapanga wale wazee kwa mwaka wa kuzaliwa kabla ya kifungua kinywa. Acha utani.

Eckart


Ellersroda, Alhamisi, 24 Oktoba 2024
Barua namba 734

Eckart,

Kaa chini kwanza.

Nimemwambia Weidner siwezi kumaliza kitabu. Nimesema macho. Alikaa hapa sebuleni, kofia magotini, akasema, "Bi Köllner, mama, bila wewe tutaandika nini? Kwamba kijiji kipo?" Nikamwambia andikeni hivyo, angalau ni kweli. Nimeacha uandishi wa kumbukumbu baada ya miaka thelathini na mmoja. Anatafuta mwingine. Hatapata, siku hizi nani anasoma maandishi ya kale.

Nimewekwa kwenye orodha ya nyumba ya wazee. Nyumba yetu hii nafikiria kuiuza, baada ya Krismasi labda. Kuna mume na mke wa Erfurt wanaoitaka. Usibishe. Sitaki kungoja mpaka nisimame mlangoni nikisubiri basi, na mtu wa kunivua koti hayupo.

Nakutumia sanduku moja la kadi. Zihifadhi wewe, una mikono safi. Laptopu nitaileta siku moja. Ilikuwa zawadi nzuri, haikunikosea kitu.

Sasa umejua. Nilitaka kukuficha mpaka mwisho, lakini sijui mwisho uko wapi.

Dada yako,
Irmtraud


Kassel, Alhamisi, 7 Novemba 2024
Barua namba 609, ya haraka

Irmtraud, Irmtraud,

Si wewe. Soma mstari huu mara tatu kisha uendelee. Si wewe, ni mimi.

Sanduku lilifika Jumatatu. Nililiweka mezani nikaenda kuanua nguo, na niliporudi Gerlind alikuwa amezimwaga kadi zote sakafuni. Nilitaka kupiga kelele. Halafu nikaona anazipanga. Alikuwa amepiga magoti na sweta yake ya kazi, anasoma tiki zako nyekundu na kuzipanga kwa tarehe, wiki kwa wiki, kama hati za benki. Nikamwacha. Baada ya saa nzima akaniita kwa sauti ambayo sijaisikia kwa miaka minne.

"Njoo uone. Huyu dada ameingiza hati hii mara tano. Na hii mara tano. Na hii mara nne."

Nikasema, "Ni Irmtraud. Anaumwa, anasahau."

"Hasahau," akasema. "Tazama tarehe. Anaingiza katikati ya wiki, na wiki inayofuata anaingiza tena. Ndani ya wiki moja harudii hata moja. Mtu anayesahau hasubiri Jumapili. Mwandishi hana kosa. Kosa ni la watu wa kompyuta. Wapigie wale wapumbavu wa chini waangalie diski."

Mpumbavu wa chini nilikuwa mimi, dada. Miaka ishirini na mbili nilikaa kule chini na kompyuta za benki. Kisha akaniuliza mimi ni nani na mbona niko ofisini bila beji.

Nikaenda kuangalia nakala ya mashine yako niliyobaki nayo. Nikaandika mstari, nikahifadhi, nikazima, nikawasha. Mstari haupo.

Sasa nikueleze nilichofanya, nawe utanichukia kwa haki. Kompyuta ya Gerlind niliitengeneza kwanza, majira ya baridi. Kwa kuwa anafuta kila kitu, niliiwekea kwamba kila ikizimwa isahau yote yaliyofanyika na irudi siku niliyoiandaa. Ya kwako niliitengeneza Mei. Nilikuwa sijalala vizuri tangu Februari. Sikuanza upya. Nilinakili ya Gerlind, nikaingiza diski yako ndani yake, na sikukumbuka kuondoa lile agizo. Ukifunga kifuniko, kazi ilikaa, ndiyo maana wiki nzima uliiona. Jumamosi saa kumi ulizima kama baba alivyotaka, na Jumatatu ilikuwa Mei. Nilikuandikia kwamba huwezi kuiharibu hata ukitaka. Nilikuwa najisifu.

Miezi yote hii nimekufungia, dada yangu, ndani ya mashine ya mtu anayesahau, na wewe ukaamini ni kichwa chako.

Na ushahidi ulikuwepo. Barua zako 731 mpaka 734 hazina kosa la namba. Mimi ndiye niliyeandika 604 mara mbili.

Ya kufanya ni haya. Usibofye kanisa kwanza. Nenda pale pembeni palipoandikwa Mipangilio, kisha Diski, utaona kisanduku chenye tiki mbele ya maneno "rudisha kila inapozimwa". Ondoa tiki. Basi. Ni jambo la sekunde mbili, na ninaona aibu kukuandikia.

Maneno yamepotea, siwezi kuyarudisha. Lakini kadi zote ninazo, nazileta mwenyewe. Kwa gari Gerlind anaogopa sasa, analia njia nzima, nipe muda nitafute wa kukaa naye. Bi Rohrbach nimempigia, yuko kwa binti yake. Mwambie Weidner umerudi. Waambie wale wa Erfurt watafute nyumba nyingine, ni bahati kwamba Krismasi bado.

Nisamehe, au usinisamehe, lakini ondoa tiki hiyo.

Eckart


Ellersroda, Jumanne, 12 Novemba 2024
Barua namba 735

Eckart,

Barua yako ilifika Jumamosi asubuhi.

Niliishika mkononi. Ilikuwa nene, nawe hujaniandikia barua nene tangu mama afe. Nikajua ni ya kunibembeleza nisiuze. Nilijua pia kwamba nikiisoma nitalegea, kwa hiyo niliiweka nyuma ya saa ya ukutani bila kuifungua.

Nilikuambia baada ya Krismasi. Haikuwa baada ya Krismasi, ilikuwa leo saa nne asubuhi, kwa wakili wa mikataba. Nilikudanganya ili usipate muda wa kuja kunizuia. Wakili alisoma mkataba wote kwa sauti kama sheria inavyotaka, nami sikusikia hata neno, nikatikisa kichwa na kutia saini. Aliniuliza kwa maandishi kama nina akili timamu na natenda kwa hiari. Nikaandika "ndiyo", nikajiona mwongo.

Nimerudi nyumbani, nimechemsha maji, nimefungua barua yako.

Nina akili timamu, na sina nyumba.

Nimekuwekea humu barua ya Agosti ambayo sikuituma. Isome. Sitaki uisome ili uumie, ingawa utaumia. Nataka tu ujue Jumatatu zangu zilikuwaje.

Sasa sina cha kuongeza.

Irmtraud


Kassel, Jumapili, 17 Novemba 2024
Barua namba 610

Dada,

Nimempigia wakili. Amesema mkataba umeshafungwa, na mwenye kuweza kuufungua ni wale wa Erfurt tu. Nimewapigia nao. Mke alinisikiliza mpaka mwisho, akasema pole sana, akasema wameshaagiza madirisha.

Barua ya Agosti nimeisoma. Nilipofika kwenye mama wa mjukuu wa fundi magurudumu nilitoka nje nikasimama uani. Shada lile nililichagua mwenyewe, Irmtraud. Maua meupe. Nilisahau kabisa.

Gerlind aliniona nimekaa, akasema, "Bwana, kaunta imefungwa, nenda nyumbani." Nikasema niko nyumbani. Akasema, "Basi lala."

Chumba cha nyuma hapa kina dirisha na meza. Sikuombi. Nakutajia tu kwamba kipo.

Eckart


Ellersroda, Jumatatu, 25 Novemba 2024
Barua namba 736

Mdogo wangu,

Nimenuna siku kumi na tatu, sasa nimechoka na kununa nako.

Natakiwa kutoka hapa mwisho wa Januari. Nyumba ya wazee nimeifuta, hawapokei wenye akili wanaobisha. Nitakuja kwenye chumba chako cha nyuma. Asubuhi nitakaa na Gerlind, ofisi moja, yeye upande wake na mimi upande wangu, nawe utalala. Si ombi. Kadi usizilete, zikae hukohuko zinisubiri, isipokuwa ile ya mwoka mikate. Hiyo sihitaji kadi, naijua kwa moyo.

Weidner amekuja. Nimemwambia ukweli wote. Akaandika kwenye karatasi yangu kwa herufi kubwa kama nilivyomfundisha: KITABU KITACHELEWA, KIJIJI KIMESUBIRI MIAKA 850. Kazi nimerudishiwa. Nitaifanyia Kassel. Nimekaa humu miaka sabini na mitano nikiandika nani alihama nyumba gani na mwaka gani. Juzi nimefungua folda yetu, ile ya karibu na daraja, nikaandika mstari wa mwisho: "Januari 2025, Irmtraud Köllner alihama kwenda Kassel, kwa mdogo wake."

Bado sijakusamehe. Nadhani nitakusamehe tukiwa tunaosha vyombo. Mashine ya Gerlind usiiguse, iache irudi kila asubuhi, inamfaa.

Ya kwangu niliondoa tiki kama ulivyosema. Alhamisi nikaandika moto wa 1834 mara ya sita, ghala kwa ghala, na jina la mtoto aliyepiga kengele. Nikahifadhi. Jumamosi saa kumi nilizima kila kitu. Jumapili nilikaa nayo chumba kimoja tukitazamana.

Leo Jumatatu nimewasha. Nimebofya kanisa. Nimefungua folda ya mwoka mikate.

Upo.

Dada yako,
Irmtraud